Watu wa kawaida kwenye dokumentari na picha za maktaba: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wanaouliza maswali haya huwa wa aina mbili. Wa kwanza ni yule aliyefuatwa na watu wenye kamera, au anayetarajia kufuatwa, na anataka kujua anajiingiza kwenye nini. Wa pili ni yule aliyekuwa anatazama televisheni akamwona bibi yake akikatiza kwenye mkanda wa miaka sitini iliyopita, bila jina wala maelezo. Majibu yote hapa yanasimama juu ya jambo moja ninaloliamini kwa dhati: mtu aliyemo kwenye picha si pambo la picha. Ana jina, ana jamaa zake, na ana haki ya kusikilizwa kuhusu namna anavyoonyeshwa, hata pale sheria isipomtetea.

"Kuonekana kama mwenyewe" ni kufanya nini hasa?

Ni kuonekana kwenye filamu au kipindi ukiwa wewe, kwa jina lako na maisha yako, bila kuigiza mtu mwingine. Muuguzi anayehojiwa kuhusu kazi yake, shahidi anayesimulia mafuriko, mtoto anayepunga mkono nyuma ya waziri anayehutubia, wote hao wameonekana kama wenyewe. Haijalishi umeongea saa nzima au umepita kwa sekunde mbili. Hata mwigizaji maarufu akihojiwa kuhusu utoto wake huhesabiwa hivyo hivyo. Akicheza daktari, hapo ni mhusika.

Mpaka huo huleta utata kwenye dokumentari za uhalifu na za historia, ambako waigizaji huwekwa waonyeshe jambo ambalo hakuna kamera iliyolinasa. Watayarishaji waungwana huandika kwenye kioo kwamba sehemu hiyo ni maigizo. Wapo wasioandika, na mtazamaji hubaki akidhani amemwona mtu mwenyewe.

Picha za maktaba zina tofauti gani na picha zilizopigwa kwa ajili ya filamu?

Picha za maktaba ni zile zilizopigwa zamani kwa kusudi jingine, zikahifadhiwa, kisha zikachukuliwa tena kutumika upya. Ndizo zinazotambulishwa kwa yale maandishi madogo unayoyaona pembeni ya kioo wakati wa taarifa ya habari.

Tofauti hiyo ni kubwa kuliko inavyoonekana. Anayehojiwa kwa ajili ya filamu fulani anajua, walau kwa juujuu, anachangia nini. Aliyemo kwenye picha za maktaba alikubali jambo moja (au hakuulizwa kabisa), na leo sura yake inabeba jambo lingine. Chukua mama aliyepigwa picha akiwa kwenye foleni ya kliniki siku ya chanjo. Miaka mitano baadaye anajikuta kwenye taarifa ya ugonjwa asiokuwa nao. Hakuna aliyesema uongo. Picha imewekwa tu chini ya sauti ya mtangazaji, na mtazamaji akaunganisha mwenyewe. Majirani nao wakaunganisha. Kwangu mimi hili ndilo kosa linaloumiza watu wengi kuliko yote katika kazi hii, na wanaolifanya mara nyingi hawana nia mbaya; walikuwa na dakika chache tu za kutafuta picha ya kujazia.

Mambo haya yalianza lini?

Yalianza na sinema yenyewe. Tarehe 19 Machi 1895, Louis Lumière aliweka kamera mbele ya lango la kiwanda cha familia yao mjini Lyon, Ufaransa, akawapiga picha wafanyakazi wakitoka. Filamu hiyo, yenye urefu usiofika dakika moja, ilikuwa miongoni mwa zile zilizoonyeshwa kwa watazamaji waliolipa kiingilio jijini Paris tarehe 28 Desemba mwaka huohuo. Kwa hiyo kabla ya nyota yeyote wa sinema kuzaliwa kisanii, kioo kilikuwa cha watu waliotoka kazini.

Itazame kwa makini utaona zaidi. Lango linafunguka, wanawake wenye kofia na sketi ndefu wanamwagika kushoto na kulia, mbwa anapita, baiskeli inapita. Karibu hakuna anayeitazama kamera. Watu mia wanapita mbele ya chombo ambacho hawajawahi kukiona maishani, na hawageuki kukitazama? Kuna matoleo matatu ya filamu hiyo, yanayotofautishwa na gari la farasi: moja lina farasi mmoja, jingine wawili, jingine halina gari. Mavazi nayo yanabadilika kutoka toleo hadi toleo. Ni wazi walirudishwa ndani wakatoka tena siku nyingine, na mwenye kamera alikuwa ndiye mwajiri wao. Maswali yote ya ukurasa huu, ya hiari, ya kujifanya, ya nani ana mamlaka juu ya nani, yalikuwa yameshasimama pale langoni.

Haukupita muda watu wakagundua kwamba sura za kawaida ni biashara. Nchini Uingereza, kampuni ya Mitchell na Kenyon ya mjini Blackburn ilikuwa ikiwapiga picha wafanyakazi wakitoka viwandani na umati kwenye sherehe, kisha inawaita walewale waje walipe wajione. Mwaka 1994 mafundi waliokuwa wakifanya kazi kwenye jengo la zamani mjini humo walikuta mapipa yenye mikanda takriban 800 ya kampuni hiyo, iliyopigwa mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20. Humo watu hawaikwepi kamera hata kidogo. Wavulana wanakimbia kuzunguka ili wapite mara ya pili, wanaume wanavua kofia, wasichana wanacheka na kujificha nyuma ya wenzao.

Kwa nini watu wa zamani wanatembea harakaharaka?

Hawakuwa na haraka. Kamera za mwanzo zilizungushwa kwa mkono, kwa kawaida picha 16 hivi kwa sekunde, ingawa kila mpiga picha alikuwa na mkono wake. Sinema ya sauti ilipokuja mwishoni mwa miaka ya 1920, kasi ikawekwa kuwa picha 24 kwa sekunde. Mkanda wa kasi 16 ukiuendesha kwa kasi 24, dakika moja ya maisha inakuwa sekunde 40, na mazishi yanageuka kichekesho. Kwa mashine za leo ni rahisi kurudisha mwendo wa asili. Asiyefanya hivyo anawavunjia heshima watu waliomo, na sioni kisingizio.

Na kwa nini hatuwasikii wakiongea?

Kwa sehemu ni vifaa, kwa sehemu ni dharau. Hata baada ya sauti kuja, mitambo ya kurekodi ilikuwa mizito, ikihitaji gari na mafundi, hivyo wakulima na wachimba migodi walionyeshwa huku msomi fulani akiwasemea kutoka studio. Mwaka 1935 Waingereza wawili, Arthur Elton na Edgar Anstey, walipeleka mitambo hiyo kwenye vibanda vya maskini mashariki mwa London wakawaacha wapangaji waeleze wenyewe habari za panya, kunguni na kuta zinazobomoka. Leo jambo hilo halimshangazi mtu, lakini wakati ule lilikuwa geni kabisa.

Mlango ulifunguka kweli karibu na mwaka 1960, zilipopatikana kamera nyepesi za milimita 16 na kinasa sauti cha kubebeka cha Nagra. Sasa watu wawili waliweza kumfuata mtu sokoni, jikoni, barabarani, na kumsikia akiongea kwa sauti yake mwenyewe.

Je, inawezekana kweli mtu kuwa yeye mwenyewe mbele ya kamera?

Jibu fupi ni kwamba unakuwa wewe uliye mbele ya kamera. Huyo si mwongo, ila ana mgeni ndani ya nyumba.

Shida huanza pale mwenye kamera anapokuwa na picha yake kichwani kabla hajafika. Katika *Nanook of the North* ya mwaka 1922, iliyopigwa kaskazini mwa Kanada, jina la mhusika mkuu halikuwa Nanook, aliitwa Allakariallak. Mwanamke aliyetajwa kuwa mkewe hakuwa mkewe. Jamii yake ilikuwa tayari ikitumia bunduki, lakini mtengenezaji, Robert Flaherty, alitaka wawinde kwa mikuki kama mababu zao. Nyumba ya barafu ilijengwa nusu ili mwanga uingie. Ilikuwa kazi ya ushirikiano, na Allakariallak alijua anachofanya. Mtazamaji ndiye hakujua.

Njia ninayoipenda mimi ni ile ya Wafaransa wawili, Jean Rouch na Edgar Morin. Kiangazi cha mwaka 1960 jijini Paris waliwatuma watu wakawaulize wapita njia kama wana furaha, wakakaa pia na kikundi cha watu wakizungumza kwa kina kuhusu kazi, mapenzi, vita. Kisha wakawaita walioshiriki wakawaonyesha walichokipiga, wakawauliza: je, huyu ni wewe? Walibishana. Wengine walisema fulani ametia chumvi, wengine wakasema fulani amejianika kupita kiasi. Mabishano hayo yakawekwa ndani ya filamu yenyewe. Kama mtayarishaji anakufuata leo, muulize kama atakuonyesha picha kabla hazijatoka. Jibu lake litakueleza mengi.

Kuna watu waliofuatiliwa maisha yao yote?

Wapo. Mwaka 1964 televisheni ya Granada ya Uingereza iliwahoji watoto wa miaka saba kutoka familia za matajiri na za wafanyakazi. Kumi na wanne kati yao, wavulana kumi na wasichana wanne, wakawa wanatembelewa upya kila baada ya miaka saba, chini ya mwongozaji Michael Apted, hadi walipofika miaka 63 mwaka 2019. Walipokuwa watoto, wazazi wao ndio waliokubali kwa niaba yao, kisha ikawabidi waamue upya wakiwa watu wazima. Baadhi waliruka awamu fulani wakarudi. Mmoja aliacha baada ya ile ya miaka 21, na baadaye akawa yeye mwenyewe mtayarishaji wa dokumentari. Wengine wamesema wazi kwamba kila mzunguko uliwaumiza.

Ridhaa inapaswa kuombwa upya kila mara, kwa sababu aliyekubali jana si lazima akubali leo.

Je, ni lazima waniombe ruhusa?

Inategemea ulipo na ulivyoonekana. Katika nchi nyingi, mtu aliye mahali pa umma anaweza kupigwa picha ndani ya umati bila kuombwa. Ukitolewa kwenye umati ukafanywa kiini cha habari, mambo hubadilika, na hubadilika kwa kadiri tofauti. Sheria za Ufaransa humpa mtu haki juu ya sura yake kwa upana kuliko za Marekani, ambako barabarani ni vigumu kudai faragha. Nyumbani kwako, hospitalini, shuleni, hapo ruhusa inahitajika karibu kila mahali.

Tangu Mei 2018 Umoja wa Ulaya una kanuni ya ulinzi wa data inayozihesabu picha za mtu anayetambulika kuwa taarifa zake binafsi, na nchi kadhaa za Afrika zimetunga sheria za mwelekeo huohuo. Lakini soma kwa makini: kanuni ya Ulaya huacha nafasi kwa uandishi wa habari na sanaa, na haiwahusu marehemu. Bibi yako wa kwenye mkanda wa zamani hayumo.

Fomu ya ridhaa nisaini? Nisome wapi kwanza?

Soma yote, na usisaini ukiwa umesimama. Mtu mwenye nia njema atakuachia nakala ulale nayo.

Anza na maneno yanayohusu matumizi. Fomu nyingi huandika "kwa njia zote, duniani kote, milele". Maana yake picha zako zinaweza kuuzwa kwa filamu nyingine usiyoijua, na hivyo ndivyo mahojiano ya leo yanavyogeuka picha za maktaba za kesho. Omba iandikwe kwamba ni kwa filamu hii, na kwamba matumizi mengine yatahitaji kibali chako. Wapo watakaokataa, lakini wengi hukubali wakiona unajua unachouliza. Kisha angalia kama unaombwa utoe haki ya hadithi nzima ya maisha yako. Hiyo ni nzito kuliko haki ya mahojiano. Kuna mtu aliyefungwa huko Texas, Marekani, kwa kosa la mauaji asilolifanya, na dokumentari *The Thin Blue Line* ya mwaka 1988 ikasaidia kumtoa gerezani mwaka 1989. Alipotoka, ilibidi amshitaki mtengenezaji huyohuyo aliyemsaidia ili arudishiwe haki ya simulizi ya maisha yake. Walipatana nje ya mahakama. Hakuna aliyekuwa mbaya pale. Karatasi ndiyo ilikuwa pana mno.

Mwisho tafuta kifungu kinachosema wanaweza "kuhariri wanavyoona inafaa". Kipo karibu kila fomu, na hutaweza kukiondoa. Basi walau ujue kipo.

Ukikubali kwa mdomo mbele ya kamera, nako ni kukubali. Watayarishaji wengi hurekodi jina lako na neno "nakubali" mwanzoni mwa mahojiano, na hiyo hutumika kama ushahidi.

Nitalipwa?

Mara nyingi hapana, zaidi ya nauli na chakula. Hoja yao ni kwamba anayelipwa ataongea anachodhani mlipaji anataka kusikia. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake. Ila inapoteza nguvu pale kila mwingine kwenye kazi hiyo, kuanzia mshika taa, analipwa.

Kesi inayotajwa sana ni ya *Être et avoir*, filamu ya Kifaransa ya mwaka 2002 kuhusu shule ndogo ya kijijini yenye darasa moja. Ilipendwa mno na kuingiza fedha nyingi. Mwalimu wake alifungua madai ya euro 250,000, akisema mchango wake ulikuwa wa mwigizaji na wa mtunzi. Mwaka 2004 mahakama ya Paris iliyakataa. Upande wa pili upo mfano wa *Hoop Dreams* ya mwaka 1994, kuhusu vijana wawili wa Chicago wanaocheza mpira wa kikapu, ambapo watengenezaji waligawana mapato na vijana hao. Huo ndio mfano ninaoupendekeza. Kama filamu imejengwa juu ya miaka ya maisha ya mtu, kumpa sehemu ya kinachopatikana si hisani.

Wanaweza kupindisha maneno yangu?

Wanaweza, na mara nyingi huhitaji kukata tu, bila kubadilisha hata neno moja. Ukisema "Nilimchukia siku ile, lakini baadaye nilimwelewa", mhariri akikata kwenye koma umebaki mtu wa chuki.

Kuna alama ya kuangalia. Mtu anaongea, ghafla kioo kinaonyesha mikono yake, au dirisha, au picha ya ukutani, huku sauti ikiendelea. Mara nyingi hapo ndipo palipokatwa, kwa sababu midomo ingeonekana ikiruka. Wakati mwingi ni usafi tu, kikohozi kimeondolewa. Wakati mwingine sentensi mbili zilizosemwa kwa tofauti ya saa nzima zimeunganishwa kuwa moja.

Kinga nzuri ni kurekodi mahojiano na wewe kwa simu yako, na kuwaambia unafanya hivyo. Pia usianze sentensi na jambo usilotaka lisimame peke yake.

Naweza kujitoa baadaye?

Kabla ya kusaini, wakati wowote. Baada ya kusaini, kisheria ni vigumu, ila usikate tamaa: andika barua mapema, kabla filamu haijafungwa, ueleze madhara unayoyaogopa kwa mifano mahususi. Mtayarishaji anaweza kukutia ukungu usoni, kubadilisha sauti au kukuondoa. Ikishatoka, kinachobaki ni kuomba matoleo yajayo yarekebishwe.

Vipi watoto, wagonjwa na wafungwa?

Hapa saini pekee haitoshi. Mzazi anaweza kusaini, mkuu wa gereza anaweza kusaini, lakini atakayeishi na picha hiyo ni mwingine.

*Titicut Follies* ya Frederick Wiseman ilipigwa mwaka 1966 ndani ya hospitali ya wafungwa wenye matatizo ya akili huko Bridgewater, Massachusetts. Inaonyesha wagonjwa wakiwa uchi, wakidhihakiwa na walinzi, mmoja akilishwa kwa mpira kupitia puani. Serikali ya jimbo ilikwenda mahakamani ikidai kulinda faragha ya wagonjwa, na kwa zaidi ya miaka ishirini filamu iliruhusiwa kuonyeshwa kwa wataalamu tu kama madaktari na wanasheria. Hadhira ya kawaida iliruhusiwa mwaka 1991. Nimeisoma kesi hii kwa pande zote na bado inanisumbua. Wale watu hawakuwa na uwezo wa kuridhia kikamilifu, hilo ni kweli. Ni kweli pia kwamba faragha waliyotetewa ilikuwa ngao ya waliokuwa wakiwatesa. Ukikutana na mtu anayekuambia suala hili ni jepesi, uliza yeye anamtetea nani.

Kwa watoto msimamo wangu ni rahisi zaidi. Mtoto asionyeshwe akiwa katika aibu, maradhi au uchi kwa namna itakayomfuata akiwa mtu mzima, hata mzazi akiwa amekubali kwa machozi.

Hakuna njia ya kumficha mtu zaidi ya kumtia ukungu?

Ipo ya kumpiga picha gizani, ya kupiga picha mikono yake tu, ya kusomewa maneno yake na mwingine. Mwaka 2020 *Welcome to Chechnya* ya David France, kuhusu watu waliokuwa wakikimbia mateso kwa sababu ya mapenzi ya jinsia moja, ilitumia kompyuta kuvalisha wahusika sura za watu wengine waliojitolea. Mtazamaji anaona macho yakilengwa machozi, mdomo ukitetemeka, lakini hawezi kumtambua mwenyewe. Teknolojia ileile inayotumika kumzushia mtu maneno hapo ilitumika kumwokoa. Masharti yake ni kwamba mtazamaji aambiwe, na yule aliyeazima sura awe amekubali.

Nimemwona ndugu yangu kwenye picha za maktaba. Nifanye nini?

Kwanza andika dakika na sekunde anapoonekana, jina la kipindi na siku kilipoonyeshwa. Bila hayo hutasaidiwa. Kisha tazama orodha ya majina mwishoni: mara nyingi picha za maktaba zimetajwa zilikotoka. Waandikie hao wenye hifadhi, si kituo cha televisheni tu. Eleza huyo ni nani kwako, umemtambuaje, na unataka nini.

Tenganisha mambo mawili unapoomba. Nakala ya kutazama nyumbani ni kitu kidogo, na hifadhi nyingi hutoa kwa jamaa kwa gharama nafuu au bure. Kibali cha kuitumia hadharani ni leseni, na hiyo hulipiwa. Watu wengi hukasirika wakisikia walipie sura ya mama yao. Hasira hiyo naielewa, lakini kisheria hakimiliki ni ya aliyepiga picha au aliyemwajiri, si ya aliyepigwa.

Kisha waambie jina lake. Hili ndilo la maana kuliko yote. Hifadhi nzuri zitaliongeza kwenye kumbukumbu zao.

Kwa nini wengi hawana majina hata kidogo?

Kwa sababu aliyeandika lebo hakuona haja. Kwenye mikanda ya enzi za ukoloni utakuta gavana ametajwa kwa jina na cheo, na watu mia mbili wanaomzunguka wameandikwa "wenyeji". Aliyeshika bendera hana jina. Aliyebeba mzigo hana jina. Si kwamba majina hayakuwepo, hakuna aliyeuliza.

Lakini jina hupatikana hata baada ya miaka mingi. Agosti 1938 mtalii kutoka Marekani alipiga picha kwa dakika tatu tu katika mji wa Nasielsk, Poland, alikozaliwa. Ni watu wakitoka nje ya nyumba, na watoto wanasukumana waingie kwenye picha, wanarukaruka nyuma ya wenzao ili vichwa vionekane. Wayahudi wa mji huo walikuwa kama 3,000, na waliookoka mauaji ya Wanazi hawakufika mia moja. Mjukuu wa mtalii yule alikuta mkanda huo Florida mwaka 2009 ukiwa karibu kuoza, akaupeleka kwenye Makumbusho ya Mauaji ya Holokosti ya Marekani, nao wakauweka kwenye intaneti. Mwanamke mmoja akautazama, akaona mvulana mwenye kofia, akamtambua babu yake akiwa na miaka 13. Alikuwa bado hai. Naye akaanza kutaja wengine.

Ndiyo maana nasisitiza mikanda ifunguliwe watu waione.

Jina langu litaandikwa mwishoni mwa filamu?

Ukihojiwa, kwa kawaida ndiyo, au litatokea chini ya kioo unapoongea. Hakikisha wanaliandika sawasawa. Liandike mwenyewe kwa herufi kubwa kwenye karatasi wakati wa mahojiano. Ukionekana kwa kupita tu, hapana. Hifadhidata za filamu kwenye intaneti, kama IMDb, huweka alama kwa anayeonekana kama mwenyewe, na alama nyingine kama ni picha za zamani zilizotumika tena. Hivyo mtu aliyefariki zamani anaweza kuendelea kuongezewa filamu mpya kila mwaka.

Kutia rangi picha za zamani ni sawa?

Mimi sipingi, mradi mtazamaji aambiwe na mkanda wa asili uachwe ulivyo. Rangi ya gauni iliyowekwa na kompyuta ni kisio tu. Rangi ya ngozi nayo ni kisio, na hapo programu zimekuwa zikikosea sana kwa kuwafanya watu wafanane.

Tuna mikanda ya familia kabatini. Tuanzie wapi?

Inuse. Mkanda unaotoa harufu ya siki umeanza kuoza, nao huambukiza mingine, kwa hiyo utenge mahali penye ubaridi na hewa. Usiupitishe kwenye projekta ya zamani, kwa sababu itaukwaruza au kuukata. Mikanda ya sinema ya kabla ya miaka ya 1950 inaweza kuwa ya nitreti, inayoshika moto kwa urahisi ajabu. Ukiwa na shaka, usiifungue, pigia simu hifadhi ya filamu. Kaseti za video nazo hazidumu, na mashine za kuzichezea zinatoweka, hivyo zihamishwe kwenye kompyuta mapema, nakala mbili mahali pawili.

Ukishazihamisha, waite wazee waliobaki wakae watazame, mmoja awe na kalamu. Simamisha picha kila sura mpya inapotokea na uulize: huyu nani, huyu wa nyuma, huyu aliyebeba mtoto? Andika dakika, sekunde na jina. Wakibishana, andika majina yote mawili na nani alisema lipi.